Nyumbani na Watoto: Panya Kumi na Wanne na Ulimi wa Bibi

Wamo kumi na wanne katika nyumba moja: babu, bibi, baba, mama na watoto kumi. Nyumba yenyewe imejengwa katika mizizi ya mti mkubwa msituni, na wenye nyumba ni panya. Wamevaa nguo, wana vikombe na masufuria, wana ngazi ya kupandia ghorofani, na kila mmoja ana kazi yake ya asubuhi. Hao ndio watu wa vitabu vya picha vya Kazuo Iwamura, mchoraji wa Kijapani, ambavyo viwili vya kwanza vilitolewa na nyumba ya vitabu ya Doshinsha huko Tokyo mwaka 1983. Tangu hapo mfululizo huo umefikia vitabu kumi na viwili, umetafsiriwa kwa lugha nyingi, na wasomaji wa Kifaransa huwajua panya hao kwa jina la Familia ya Panya.

Hapana shaka kwamba mzazi wa Kismayu, au wa visiwa vya Koyama, Chovai na Chula, akionyeshwa kitabu hicho kwa mara ya kwanza atacheka, na pengine hatacheka kwa furaha. Panya kwake si mgeni wa kukaribishwa. Panya hutafuna tanga lililokunjwa, hutoboa nyavu zinazonuka samaki, huingia katika gunia la mchele na kuacha humo kile anachokiacha. Mabaharia humjua kuwa ndiye abiria asiyelipa nauli. Mtoto wa visiwani aliyezoea kumwona bibi yake akimfukuza panya kwa ufagio atataka kwanza kuelezwa kwa nini huyu amevalishwa suruali. Ni swali zuri, na kitabu kinachomfanya mtoto aulize swali katika ukurasa wa kwanza kimekwisha fanya nusu ya kazi yake.

Katika kitabu cha kuhama, jamaa hiyo inasafiri msituni kutafuta makao mapya. Wakubwa wamebeba mizigo, wadogo wameshikwa mikono. Wakiisha kuupata mti unaowafaa wanaanza kazi: kusafisha, kugawa vyumba, kuweka daraja, kuyaleta maji karibu na nyumba. Katika kitabu cha chakula cha asubuhi babu ndiye wa kwanza kuamka, na baada yake wengine mmoja mmoja, isipokuwa wale ambao siku zote huwa wa mwisho kuamka katika kila nyumba duniani. Baadhi ya watoto wanakwenda kuchuma matunda madogo mekundu ya porini. Nyumbani mkate unakandwa kwa unga wa mbegu za mwaloni na supu ya uyoga inachemka. Kisha wote kumi na wanne wanakaa mezani. Basi, hadithi imekwisha. Hakuna mwizi aliyekamatwa, hakuna simba aliyedanganywa, wala hakuna mtoto aliyeadhibiwa kwa kutosikia la mkuu.

Wako watakaosema kwamba hiyo si hadithi. Hadithi za pwani zina sungura mjanja, fisi mlafi na mfalme asiye na akili, na msikilizaji hungoja kuona nani atashindwa na nani. Lakini hadithi ya sungura ni hadithi ya njiani na barazani, mahali ambapo mtu asiyekuwa mwerevu huliwa. Hadithi ya panya wa Iwamura ni ya ndani ya nyumba, na ndani ya nyumba mtoto mdogo hahitaji kuambiwa nani kamshinda nani. Anachotaka ni kujua kwamba yeye yumo katika hesabu. Watoto kumi wa jamaa hii wamepewa majina yanayotokana na namba, kuanzia moja hadi kumi, na msomaji mdogo hujifunza haraka kuwatafuta katika kila ukurasa. Yule mdogo kabisa yuko wapi? Nani anamsaidia? Nani amebeba kikapu, na nani amesahau chake? Maandishi yenyewe ni mistari michache tu, na mara nyingi humtaka mtoto atazame na kutafuta. Mengine yote yamo katika picha.

Iwamura alizaliwa Tokyo mwaka 1939. Mwaka 1975 aliuacha mji, akahamia na jamaa yake Mashiko, katika mkoa wa Tochigi, mahali penye misitu ya miti inayopukutika majani. Huko yeye na mkewe waliwalea watoto watano. Mtu akizitazama picha zake huona kwamba mchoraji aliinama chini kweli kweli. Majani yamechorwa kama yanavyoonekana na kiumbe mwenye kimo cha kidole: jani moja ni mwavuli, uyoga ni kiti, kijito ambacho mtu angekiruka bila kufikiri ni mto wa kujengewa daraja. Mwaka 1998 alifungua katika mkoa huo huo jumba la kuonyeshea vitabu vya picha, lililozungukwa na msitu na mashamba. Alifariki mwezi wa Desemba mwaka 2024.

Sasa, kitabu hicho kina haja gani katika nyumba ya Mbajuni?

Hali ya lugha katika nyumba hiyo yafaa ielezwe kwanza. Wabajuni wa Somalia ni watu wa pwani inayotoka Kismayu kushuka hadi Ras Kamboni, mpakani na Kenya, pamoja na visiwa vinavyopangana mbele yake. Lugha yao, Kibajuni au Kitikuu, ni Kiswahili cha kaskazini kabisa kwa upande huo, ukiacha kile cha mji wa Barawa. Ni lugha iliyokua katika uvuvi na ujenzi wa vyombo. Hao ndio watu waliosifika kwa mitepe iliyoshonwa kwa kamba pasipo msumari hata mmoja, na kwa kumtumia samaki chazo kukamatia kasa: chazo hufungwa uzi mkiani, huachiwa baharini, naye huenda akanata kwenye gamba la kasa. Ujuzi wote huo uliwekwa katika maneno, na maneno hayo hayakupata kuandikwa katika vitabu vya shule. Kisomali kilipopewa hati ya Kilatini mwezi wa Oktoba mwaka 1972 na kuwa lugha ya ofisi na masomo, lilikuwa jambo kubwa na la heshima kwa taifa la Somalia. Lakini mtoto wa Chula aliingia darasani akasomeshwa kwa Kisomali, akaenda chuoni akasoma Kurani kwa Kiarabu, na alichorudi nacho nyumbani jioni kuzungumza na bibi yake kilikuwa ni Kibajuni, ambacho hakuna mtu aliyemfundisha kukisoma.

Kisha ikaja mwaka 1991. Serikali ilipoanguka, visiwa hivyo visivyokuwa na silaha viliporwa mashua na nyavu, na maelfu ya Wabajuni wakakimbia kwa bahari kwenda Kenya. Wengi walikaa katika kambi ya Jomvu, karibu na Mombasa, na baadhi yao wakarudi visiwani mwishoni mwa miaka ya 1990. Wengine hawakurudi. Leo wako Wabajuni Mombasa, Malindi na Lamu, na wako Uingereza na nchi nyingine za mbali. Mwanaisimu Derek Nurse, aliyekifanyia Kibajuni utafiti wa miaka mingi na kukusanya msamiati wake, ameonyesha jinsi lugha hiyo inavyozidi kupoteza wasemaji, hasa katika vizazi vipya. Mtoto aliyezaliwa Mombasa huchukua Kimvita cha jirani zake. Aliyezaliwa Kismayu hucheza mitaani kwa Kisomali. Aliyezaliwa Uingereza hujibu kwa Kiingereza hata anaposemeshwa kwa lugha ya nyumbani. Hakuna hata mmoja wao aliyefanya kosa, kwani mtoto huzungumza na wenziwe kwa lugha wanayoielewa.

Ndipo inapoonekana faida ya kitabu kilichojaa picha na kisichokuwa na maneno mengi. Picha haina lugha. Ukurasa uliochorwa panya wakifua nguo mtoni ni wa Kijapani ukisomwa na Mjapani, na ni wa Kibajuni ukisomwa na Mbajuni. Na msomaji wake si lazima awe amekwenda shule. Katika nyumba nyingi mtu anayeijua lugha zaidi ya wote ni bibi, na bibi huyo huyo ndiye ambaye pengine hakujaliwa kujifunza herufi. Akiletewa kitabu cha maandishi atakirudisha kwa adabu na kusema kwamba macho hayaoni vizuri. Akiletewa kitabu cha picha hana haja ya kutoa udhuru. Anaweza kukipakata pamoja na mjukuu wake na kukisoma chote, mwanzo hadi mwisho, bila kuomba msaada wa mtu.

Kwa sababu hiyo haidhuru hata kama nakala iliyopatikana imeandikwa Kifaransa, Kiingereza au Kijapani chenyewe. Jamaa walioko ng'ambo, ambao kila mara huuliza walete nini, waweza kuambiwa walete kitabu kimoja cha namna hiyo badala ya mfuko wa pili wa peremende. Kitakapofika, wazazi wenye elimu wajizuie wasikitafsiri kwa haraka. Kuna ugonjwa wa waliosoma, wa kuona kwamba kitabu hakijasomwa mpaka maandishi yake yasomwe. Katika kitabu hiki maandishi yaachwe kando kwa wiki ya kwanza, na bibi aachiwe nafasi.

Jinsi ya kufanya ni rahisi. Wakati mzuri ni baada ya chakula cha usiku, watoto wakiwa wametulia na taa iko karibu. Wasizidi watatu kwa kitabu kimoja, ama sivyo watagombania kuona. Bibi hafungui na kuanza kusimulia mbio mbio. Anauweka ukurasa mbele yao na kunyamaza kidogo. Kisha anauliza jambo moja dogo: nani bado kalala? Mtoto ataweka kidole. Na huyu amebeba nini? Mtoto atajibu kwa lugha yoyote aliyo nayo, Kisomali au Kiingereza, na hapo ndipo penye kazi. Bibi asimkemee wala asimcheke. Alipokee jibu, kisha alirudie kwa Kibajuni ndani ya sentensi kamili, kama mtu anayeendelea na mazungumzo: naam, huyo amebeba kikapu, anakwenda kuchuma, ndugu yake anamngoja. Usiku wa pili ataliuliza tena lile lile. Watoto hawachoki kuulizwa wanachokijua. Wakubwa ndio wanaochoka, na bibi si miongoni mwao.

Mambo ya kigeni yaliyomo yasiwatishe watu. Katika vitabu hivyo kuna theluji, kuna viazi vya mwituni vinavyochimbwa kwa taabu, kuna maboga, kuna sherehe ya kutwanga mchele wa kunata mpaka uwe donge. Vyote hivyo vina jirani yake pwani. Matunda ya porini yanayochumwa na panya wadogo si kunazi, lakini mtoto aliyewahi kwenda kuokota kunazi na kurudi na kikapu nusu, kwa sababu nusu nyingine ameila njiani, atawaelewa panya hao barabara. Mkate wa mwaloni si mkate wa mofa, lakini mikono inayokanda ni ile ile. Kitabu cha kufua nguo hakihitaji maelezo yoyote. Theluji ndiyo ngumu. Bibi aseme ukweli kwamba hajapata kuiona, na ikiwa yuko mjukuu aliyekulia Uingereza, huyo apewe nafasi aieleze, kwa lugha ya bibi na si nyingine, na akikosa neno asaidiwe. Ni vizuri kwa mtoto mara moja moja kuwa mwalimu wa mkubwa wake.

Kipo pia kitabu cha kuutazama mwezi, ambamo panya wanajenga jukwaa juu kabisa mtini na kukaa kuungoja mwezi upande. Hicho kwa watu wa visiwani kinaweza kuchukua mwezi mzima, kwani bibi wa Kibajuni akianza kueleza mwezi hatauacha kabla ya kueleza bamvua na maji mafu, siku za kwenda mwambani na siku za kukaa nyumbani, na kwa nini babu alikuwa akitazama juu kabla ya kusukuma mashua. Panya watangoja jukwaani. Hawana haraka.

Wako wazazi ambao kwa dini yao hawapendi picha za viumbe wenye roho ziwekwe nyumbani. Rai yao yastahili heshima, na ukurasa huu haukukusudia kuwashawishi vinginevyo. Kwao kazi ile ile yaweza kufanywa kwa vitu: vifuu viwili vya nazi vikawa nyumba, makome kumi na manne ya ufukweni yakawa jamaa, moja kubwa kwa babu na moja dogo kama ukucha kwa kitinda mimba. Yakipangwa mchangani na kuhamishwa kutoka kifuu hadi kifuu, hadithi ya kuhama itasimulika vizuri tu, na ikivurugwa na maji kujaa itaanzwa upya kesho.

Lakini haitoshi kuleta panya wa Japani. Kwa hakika ni jambo la kushangaza kwamba pwani yenye misitu yake na wanyama wake wadogo inapokea sungura na panya wa watu wengine huku wake ikiwaacha bila kuchorwa. Nyuma ya kijiji cha Ras Kamboni, bara, kuna msitu wa Boni unaoanzia Kenya na kuingia Somalia, na upande wa Somalia ndiko liliko eneo la Lag Badana lililotengwa kuwa hifadhi ya wanyama. Mwaka 2010 wataalamu walitangaza kwamba kamera zilizofichwa katika misitu ya Boni na Dodori, upande wa Kenya, zimempiga picha sange wa namna ambayo haikujulikana kuwa huishi huko. Sange ni mnyama mdogo mwenye pua ndefu inayocheza kama mkonga. Mtu akimwona kwa mbali atadhani ni panya mkubwa, kumbe wataalamu wa ukoo wa wanyama wanasema kwamba yeye na tembo ni jamaa wa karibu zaidi kuliko yeye na panya. Jambo hilo peke yake latosha kumfanya mtoto acheke mpaka alale.

Na maisha ya sange ni ya kitabu kabisa. Yule wa msitu wa Arabuko-Sokoke na magofu ya Gede, mwenye manyoya ya rangi ya dhahabu matakoni, alichunguzwa kwa makini na Galen Rathbun katika miaka ya 1970. Ana uzito wa nusu kilo hivi. Hukaa mume na mke katika eneo lao, na mume hufukuza madume wengine kama mke anavyofukuza majike. Hujenga kitanda cha majani makavu chini, na huijenga kazi hiyo asubuhi mapema, wakati majani yana umande na hayapigi kelele ya kumwita adui. Hana kitanda kimoja bali vingi, na hubadilisha ili asijulikane alipolala. Mke huzaa mtoto mmoja tu kwa mara moja. Mtoto hukaa kitandani kiasi cha wiki mbili, kisha humfuata mama yake siku chache, na baadaye hujitafutia mwenyewe wadudu na nyungunyungu katika eneo la wazazi. Hatari ikija, sange hupiga mkia juu ya majani makavu, na mlio huo hufika mbali. Mume na mke hawalali pamoja, kila mmoja ana kitanda chake, lakini hilo bibi anaweza kulipita bila kulieleza.

Ikilinganishwa na panya wa Iwamura, jamaa ya sange ni ndogo na ina ukimya. Haina babu wala watoto kumi. Lakini ina mambo yaliyo kweli, na mambo ya kweli humfaa mtoto anapoanza kuuliza kama hadithi imetokea. Kitanda kinachojengwa na umande, mkia unaopiga majani, pua inayotafuta chini ya majani: kila kimoja ni ukurasa, na kila ukurasa una neno lake ambalo mzee wa bara anayeujua msitu analo, na mjukuu wake hana. Wabajuni hawakuwa watu wa visiwani tu. Walikuwa wakivuka kwenda bara kulima na kukata miti ya kujengea, na majina ya miti hiyo hayakubebwa yote katika mashua za mwaka 1991.

Tena msitu wenyewe haungoji. Miti ya nyanda za kusini ya Somalia imekatwa kwa miaka mingi kuchomwa makaa, na bandari ya Kismayu ilikuwa mlango mkubwa wa makaa hayo kwenda nchi za Ghuba, mpaka Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa likapiga marufuku biashara hiyo mwezi wa Februari mwaka 2012. Marufuku ni karatasi na panga ni panga, na mti uliokwisha kuwa makaa haurudi kwa azimio. Mtoto atakayechorewa sange leo pengine hatamwona sange, lakini atajua kwamba jina lipo na lilikuwa la nani.

Wapo watakaosema kwamba kuchora ni kazi ya wachoraji. Beatrix Potter, Mwingereza aliyeandika hadithi ya Peter Rabbit iliyopigwa chapa na kampuni ya Warne mwaka 1902, hakuianza kama kitabu. Mwaka 1893 alimwandikia barua mtoto mdogo aliyekuwa mgonjwa, na kwa kuwa hakuwa na habari za kumwambia, akamchorea sungura wanne wadogo na mama yao. Barua hiyo ilikuwa na mtu mmoja wa kuisoma. Mjomba aliyeko Uingereza au Mombasa, ambaye ana mpwa Kismayu, anaweza kuandika barua ya namna hiyo. Picha za simu hufika upesi, lakini hupotea upesi vile vile katika msongamano wa picha nyingine. Karatasi hukunjwa na kuwekwa chini ya mto.

Kwa nyumba inayotaka kutengeneza kitabu chake yenyewe, mahitaji ni machache. Daftari la kurasa thelathini na mbili lisilo na mistari ndilo bora, na likikosekana karatasi nyeupe hukunjwa katikati na kushonwa. Nyuzi za dukani hukatika. Uzi wa kutengenezea nyavu ndio mgumu kuliko wote, na karibu kila nyumba ya mvuvi unao. Karatasi nane zikikunjwa pamoja, matundu matatu yatobolewe kwa sindano kubwa kwenye mkunjo: la katikati kwanza, kisha la juu na la chini. Uzi uanzie katikati, uishie katikati na kufungwa kwa nje. Jalada liwe karatasi ngumu ya sanduku, lililopakwa gundi ya unga wa ngano uliopikwa. 

Kuchora aanze mtoto. Mkubwa akianza, mtoto atakataa kuendelea kwa kuona kwamba yake ni mabaya. Sange wa mtoto wa miaka mitano atakuwa na miguu sita na pua ndefu kuliko mwili, na aachwe hivyo. Ukurasa mmoja uwe na jambo moja tu. Chini ya picha iandikwe sentensi moja atakayoisema bibi, kama anavyoisema yeye, si kama ambavyo mwalimu wa Kiswahili angemsahihisha. Hili wazazi waliosoma huliona gumu. Kalamu yao huenda yenyewe kwenye Kiswahili cha vitabu, na mara Kibajuni cha bibi kimegeuka kuwa cha redio. Anayeandika amwombe bibi aseme tena polepole, aandike sauti kama anavyozisikia, kisha amsomee. Bibi akisema kwamba sivyo, iandikwe upya. Ikiwa amesema neno ambalo hakuna mwingine nyumbani anayelijua, neno hilo lichorewe picha yake ndogo pembeni, ili atakayelikuta baadaye asikisie.

Kurasa za katikati zisijazwe zote kwa siku moja. Jamaa ya sange yaweza kuamka wiki hii, kujenga kitanda wiki ijayo, na kupatwa na mvua ya masika mwezi mwingine, kadiri nafasi inavyopatikana na kadiri wageni wenye habari zao wanavyopita. Baba arudipo kutoka baharini aulizwe kama ana la kuongeza. Ikiwa atataka kuingiza chazo na kasa katika hadithi ya msituni, asikatazwe, kwani watoto watapata njia ya kuwafikisha.

Ukurasa wa kwanza uachwe mtupu mpaka mwisho. Humo yataandikwa majina ya watu wa nyumba hiyo, waliopo na walioko mbali, kwa kufuata umri, kuanzia bibi na babu hadi yule mdogo asiyejua bado kushika kalamu. Huyo ashikwe mkono aweke alama yake mwenyewe, hata ikiwa ni nukta tu.